Miaka Kumi na Saba Bi. Kuruthumu Alisimama kwa Macho

Ifikapo Jumatatu, tarehe 30 Juni 2025, Bi. Kuruthumu Abdulatif atakuwa ametimiza miaka thelathini na miwili na miezi minne ya utumishi katika Kituo cha Tiba Mazoezi Tulizo, hapa Kariakoo, na siku hiyohiyo atastaafu. Kamati ya sherehe imeniomba mimi, Vitalis, niliyefanya naye kazi chumba kimoja tangu 2014, niandike wasifu wake kwa ajili ya jarida letu. Walinipa kurasa chache na sharti moja: niwe mchangamfu. Nitajitahidi. Lakini mliokuwapo mwaka 2023 mnajua kwamba habari ya mama huyu haiandikiki bila mwandishi kujishika kichwa, na mimi, zaidi ya miaka miwili baadaye, bado nimekishika.

Tuanze na yanayojulikana. Bi. Kuruthumu alizaliwa Ilala mwaka 1965, binti wa tatu wa fundi cherehani, na wengi wetu tunamwita Mama Husna kwa jina la mwanawe wa kwanza. Aliajiriwa Tulizo tarehe 1 Machi 1993. Wakati huo kituo kilikuwa vyumba viwili juu ya duka la vitenge: kitanda kimoja, kioo chenye ufa, mipira mitatu, na mabomba mawili yaliyochomelewa na fundi wa mtaa wa Gerezani, yakawa ndiyo reli za wagonjwa kujifunzia kutembea. Wagonjwa wake wa kwanza walikuwa wachukuzi wa sokoni, watu wa maumivu ya shingo na viuno.

Wiki ya pili tu aliwakalisha wachukuzi wanne akawaambia wanabeba mizigo vibaya. Mmoja wao, mzee mwenye mabega kama meza, akamwuliza, "Dada, wewe umewahi kubeba?" Hakuwahi. Alishuka nao hadi mtaani, akajitwika gunia la mchele la kilo hamsini, akatembea nalo hatua ishirini na mbili, akalitua mwenyewe. Siku tatu hakuweza kugeuza shingo. Tangu hapo, kabla ya kumfundisha mtu yeyote chochote, husema kwanza, "Hebu nioneshe wewe unavyofanya."

Yeye ndiye aliyeanzisha darasa la Jumatano la waliopooza upande mmoja, ambalo lilianza na watu watatu na leo linajaza ukumbi. Yeye ndiye aliyechora kwa mkono wake kadi za mazoezi kwa wasiojua kusoma; mchoro wa mtu anayenyanyuka kitini, wenye kichwa kikubwa kupita kiasi, ni wake, na amekataa katakata urekebishwe. Amelea wanafunzi wa vitendo ishirini na sita. Mimi ni wa kumi na tisa. Siku yangu ya kwanza nilimshika mgonjwa kwapani kama ninayemkamata mwizi, naye akaninong'oneza, "Mwanangu, huyo hajaiba kitu."

Alikuwa pia na mambo yake, ambayo sote tuliyaona na hakuna aliyeyawaza. Hakuwahi kumsalimu mtu huku akitembea. Ukikutana naye Mtaa wa Msimbazi katikati ya vurugu za mchana, atasimama kabisa, atakutazama usoni, ndipo aseme "Hujambo, mwanangu." Tuliambiana kwamba huo ndio uungwana wa watu wa pwani, na wanafunzi waliamriwa wauige. Alipopita ukumbini, kidole chake kimoja kiliteleza ukutani, hata wafanya usafi wakaamini anakagua vumbi. Kila chumba alichofanyia kazi aliomba kipigwe mstari mwekundu ukutani, kimo cha macho. Na kila tulipokwenda kuzika ng'ambo ya Kigamboni, sisi tulivuka kwa pantoni pale Magogoni, yeye akazunguka kwa barabara, peke yake, kwa nauli yake. Tulimtania kwamba anaogopa maji. Alicheka nasi.

Januari 2023, jengo letu lilipoanza kukarabatiwa, chumba cha mazoezi kilihamishiwa chini ya ardhi. Kilikuwa kikubwa na chenye ubaridi mzuri, ila hakikuwa na dirisha hata moja. Mwezi huohuo tukampokea Mwalimu Devendra.

Mwalimu Devendra alikuwa na miaka sabini na minne, mwalimu mstaafu wa hisabati, mkazi wa Kisutu pamoja na mkewe, Bi. Champaben. Kiharusi kilikuwa kimempata mwaka mmoja kabla. Nguvu za mguu zilikuwa zimerudi karibu zote, lakini alikuwa ameanguka mara mbili nyumbani kwake, mara moja bafuni na mara moja kwenye ngazi, na hofu ilikuwa imemwingia kwenye mifupa. Akiingia kati ya reli, anazikamata mpaka vifundo vya vidole vinakuwa vyeupe. Huwezi kumbandua.

Siku ya tatu alikuja na bakuli la chuma na gololi mfukoni.

"Mama Husna," alisema, "kila siku unaniambia nitulie. Utulivu upi? Maana uko wa namna mbalimbali."

Akaweka gololi ndani ya bakuli, akaisukuma kwa kidole. Ikapanda ukingo, ikarudi, ikayumbayumba, ikatulia palepale chini. "Huu ni wa kwanza. Ukiibughudhi, inarudi nyumbani." Kisha akaligeuza bakuli kifudifudi na kujaribu kuisimamisha gololi juu ya mgongo wa bakuli. Mara ya tano ikakubali, ikasimama kwa nukta moja. "Huu ni wa pili. Hesabu inasema hii nayo imetulia, haina kasoro. Lakini pumua tu." Gololi ikaporomoka, ikaingia chini ya kabati. "Sasa mtu aliyesimama wima ni yupi kati ya hawa wawili?"

Mimi, kwa kiherehere, nikajibu wa kwanza.

"Wa pili," akasema Bi. Kuruthumu bila kusita. "Uzito uko juu, nyayo ni ndogo. Kila wakati tunaanguka kidogo, na kila wakati tunajirudisha."

Mwalimu aliweka bakuli chini. "Nimefundisha miaka thelathini na saba," alisema. "Hakuna aliyewahi kunijibu hivyo kabla sijaandika ubaoni."

Bi. Kuruthumu akachukua fagio, akalisimamisha kwenye kiganja, mpini ukielekea juu. Likasimama kwa sababu mkono wake ulikuwa ukicheza, huku na huku, kidogo kidogo. "Nikiugandisha mkono, linaanguka," alimwambia. "Na wewe hapo kwenye reli umejigandisha. Kuyumba siyo ugonjwa, Mwalimu. Kutembea kwenyewe ni kujiangusha mbele na kujidaka kwa mguu wa pili. Wewe umekataa kuanguka kidogo, ndiyo maana unaanguka kabisa."

Tangu siku hiyo wakawa marafiki. Mwalimu akaanza kuachia reli, kwanza kidole kimoja, kisha viwili. Kufikia Machi alikuwa akisimama juu ya godoro laini la mazoezi, lile linalobonyea chini ya nyayo na kuzinyima habari za sakafu, akiwa amezigusa reli kwa ncha za vidole tu.

Ilikuwa Jumanne, tarehe 14 Machi, saa nane na dakika arobaini mchana. Mwalimu Devendra alikuwa juu ya godoro, kati ya reli. Bi. Kuruthumu alikuwa nyuma yake, juu ya godoro hilohilo, amemshika mkanda wa kiunoni, ule wa kumdakia mgonjwa. Mimi nilikuwa kama hatua nne kutoka kwao, nikinyoosha goti la mgonjwa mwingine. Umeme ukakatika.

Giza la chumba kile lilikuwa la kufumba macho na kufumbua usione tofauti. Nikasikia kishindo, kishindo cha mwili mzima. Nikajua Mwalimu ameanguka kwa mara ya tatu, na kwamba baada ya hii hatasimama tena.

"Mama!" nilipiga kelele. "Umemshika?"

Aliyejibu ni Mwalimu Devendra, na sauti yake ilitoka juu, sauti ya mtu aliyesimama.

"Mimi nipo," alisema. "Yeye hayupo."

Jenereta lilichukua sekunde kama arobaini. Taa zilipowaka, tuliona jambo ambalo sote tuliokuwa mle hatutalisahau. Mgonjwa wa kiharusi alikuwa amesimama wima, mikono kwenye reli, hajashikwa na mtu. Mtaalamu wake, mwenye miaka thelathini kazini, alikuwa amelala sakafuni ubavu, kifundo cha mkono kimepinda pasipo na kiungo, macho ameyakaza kwenye taa. Hakulia. Kitu cha kwanza alichosema hakikuhusu mkono.

"Nilimwachia," alisema. "Niliposikia naanguka, nilimwachia mkanda."

Mkanda ulikuwa kiunoni kwa Mwalimu, haujavutwa hata inchi.

Tulimpandisha juu kwa Dk. Nasreen, mkurugenzi wetu. Tulidhani ni presha, au sukari, au njaa tu. Dk. Nasreen alimfunga mkono kwa muda huku akimhoji, na mimi nilikuwa mlangoni nimeshika viatu vyake.

"Ulijikwaa?"

"Hapana."

"Kizunguzungu?"

"Hapana, daktari. Taa zilizimika."

"Taa zilizimika kwa wote, Mama Husna."

"Ndiyo," alisema Bi. Kuruthumu. "Lakini nyinyi mna masikio."

Hakuna aliyeelewa. Akalazimika kulisema lote, palepale, akiwa na mkono uliovunjika, na alilisema kwa utaratibu kama anayesoma faili la mtu mwingine.

Mwaka 2006 alipatwa na maambukizi makali baada ya upasuaji, akiwa safarini mkoani. Alichomwa sindano za dawa kali kwa wiki kadhaa, na dawa ile ilimwokoa maisha. Hilo alilirudia mara mbili ili tusije tukamlaumu mtu. Ila ina tabia yake inayojulikana: kwa baadhi ya watu huua kile kiungo kidogo kilichojificha ndani ya sikio, kinachoiambia akili kichwa kimeelekea wapi. Kwake kiliuawa pande zote mbili. Kusikia alisikia vizuri. Mizani ndiyo iliyokufa. Alipokwenda kupimwa walimmiminia maji ya baridi masikioni, ambayo kwa mtu mwenye afya yangeifanya dunia izunguke. "Kwangu," alisema, "yalikuwa maji tu."

Binadamu husimama kwa vitu vitatu: macho, nyayo pamoja na viungo, na masikio. Ukimnyang'anya kimoja anaweza kujifunza kusimama kwa viwili. Yeye alijifunza. Alijifundisha mwenyewe miezi sita, nyumbani Ilala, kwa mazoezi aliyokuwa akiwafundisha wengine. Lakini siku ile godoro lilimnyang'anya nyayo, na giza likamnyang'anya macho. Hakikubaki kitu.

Viatu vilinidondoka mikononi. Miaka kumi na saba! Nilimwona kwa mara ya kwanza. Alisimama kutusalimu kwa sababu akitembea nyuso zetu zinaruka kama picha ya simu iliyopigwa na mtu anayekimbia, na hawezi kumtambua hata mwanawe mpaka asimame. Kidole kilichoteleza ukutani kilikuwa kikimwambia wima ni wapi, na mstari mwekundu ulikuwa wa kushikilia macho. Maji hakuyaogopa kamwe. Aliogopa sakafu ya pantoni inayoinamainama katikati ya watu. Na sisi, wataalamu wa mwendo, ambao kazi yetu ni kuutazama mwili wa mtu na kuona kilichopungua, tulikaa naye miaka yote hiyo tukamsifia uungwana.

Sasa naandika jambo ambalo si kawaida kuandikwa katika kurasa za namna hii. Mshangao wangu uligeuka hasira. Nilihesabu wagonjwa waliopita mikononi mwake, wazee wenye mifupa kama biskuti, na nikaona kila mmoja wao akiwa ameshikwa na mtu ambaye taa ikizimika anaanguka. Jioni ile nilimwandikia Dk. Nasreen barua nikipendekeza Bi. Kuruthumu asimguse mgonjwa tena. Niliiandika mimi, si mwingine. Bi. Kuruthumu mwenyewe aliisoma. Nilipokwenda kumwona nyumbani, mkono ukiwa kwenye plasta, nilimkuta ameketi sebuleni.

"Shikamoo, Mama."

"Marahaba. Barua yako nimeiona. Nzuri."

"Mama, kwa nini hukusema?"

"Kwa sababu ningesoma barua hiyo mwaka 2006," alisema, "na nilikuwa na watoto watatu." Kisha akaongeza: "Sina udhuru, Vitalis. Mgonjwa alikuwa na haki ya kujua. Niliwaficha wagonjwa, na hilo ni kosa, wala usije ukanipunguzia kwa sababu unanipenda."

Dk. Nasreen hakukubali barua yangu wala hakuikataa. Aliamuru kumbukumbu zote za matukio chumbani zipekuliwe, za miaka kumi na saba, za kila mtaalamu. Kazi hiyo alinipa mimi. Ilinichukua siku kumi na moja. Nilitafuta jina la Bi. Kuruthumu kila ukurasa, na nakiri kwamba nilitarajia kulikuta.

Katika miaka hiyo kumi na saba, hakuna mgonjwa hata mmoja aliyefika sakafuni akiwa mikononi mwake. Sufuri. Mikononi mwangu, kwa miaka tisa, walianguka watatu.

Nililipekua upya faili zima, nikidhani nimekosea. Sikukosea. Na nilipokaa kufikiri, nikaelewa. Mimi huwashika wagonjwa nikiamini kwamba nimesimama. Yeye hajaamini hivyo hata siku moja tangu 2006. Kabla hajamshika mtu, huangalia taa, ukuta uko umbali gani, unyayo wake umekanyaga nini, na mtu huyo ataelekea wapi akianguka. Hakuwahi kugeuza kichwa ghafla wala kumshika mtu huku akizungumza na mwingine. Hata siku ile ya giza, alipojua anaanguka, vidole vyake vilikumbuka kufunguka.

Nilipeleka majibu kwa Dk. Nasreen, na chini yake nikaandika kwamba naiondoa barua yangu. Uamuzi ulitoka Mei: Bi. Kuruthumu arudi kazini, wataalamu wawe wawili chumbani kila mgonjwa anaposimamishwa, taa za betri zifungwe chini mle zinazowaka zenyewe umeme ukikatika, na kila mgonjwa aelezwe hali ya mtaalamu wake kabla ya kukubali kushikwa naye. Masharti hayo matatu sasa ni ya kituo kizima. Sharti la nne aliliongeza yeye: magodoro laini yasitumike kamwe bila mtu wa pili aliyesimama kwenye sakafu ngumu.

Wa kwanza kuelezwa alikuwa Mwalimu Devendra. Tulijipanga, Dk. Nasreen, Bi. Kuruthumu na mimi, kama watu wanaopeleka msiba. Mwalimu alisikiliza hadi mwisho, mikono juu ya fimbo yake.

"Kwa hiyo wewe," alimwambia hatimaye, "unajisimamisha kwa kukokotoa. Kila saa."

"Kila saa, Mwalimu."

"Basi nishike wewe," alisema Mwalimu Devendra. "Hawa wengine wanabahatisha."

Ningeweza kuishia hapo na ingetosha. Lakini Agosti mwaka huohuo nilishuhudia jambo ambalo ndilo hasa nililotaka mlijue.

Tulikuwa tumekwenda kununua bandeji, mimi na yeye, karibu na Mtaa wa Mkunguni. Alisimama, nikadhani anataka kumsalimu mtu. Alikuwa akiitazama miguu ya mwanamume mmoja aliyekuwa akija upande wetu katikati ya watu: miguu imetanuliwa, hatua nzito, macho yamekazwa mbali. Wenye meza za biashara walikuwa wakimzomea. "Leo kanywa mapema!" mmoja alisema, wenzake wakacheka.

Bi. Kuruthumu alimzuia kwa kunyoosha mkono. "Mwanangu, samahani."

Yule bwana alisimama. "Shikamoo, mama. Mimi sijalewa."

"Marahaba. Najua. Nataka kukuuliza kitu kimoja. Ukitembea, vibao vya maduka vinacheza? Ukisimama vinatulia?"

Sijawahi kuona uso ukibadilika namna ile. Kisha akasema, "Nani kakwambia?"

"Hakuna aliyeniambia. Na vyangu vinacheza."

Bwana huyo, Abdulmalik, alikuwa na miaka thelathini na minane. Alikuwa mchukuzi hodari mpaka mwaka 2017, alipougua kifua kikuu sugu na kuchomwa sindano kwa miezi mingi. Alipona kifua. Alitoka hospitali akitembea kama mlevi, yeye ambaye hajaonja pombe maishani. Kijiweni walimfukuza baada ya kudondosha katoni za vyombo. Wakwe walisema ana jini, wakamtembeza kwa waganga watatu. Mkewe alivumilia miaka miwili, kisha akarudi kwao. Kwa miaka sita Abdulmalik aliamini kwamba ama amerogwa, ama anakuwa mwendawazimu, na hakuwahi kumweleza mtu habari ya vibao kwa kuogopa kuthibitishiwa.

Aliketi pale pale ukingoni mwa barabara akalia mbele ya waliomzomea. Bi. Kuruthumu aliketi kando yake, juu ya saruji, na buibui lake jeusi safi, akamweleza sikio lilivyo. Aliyesema "kanywa mapema" alileta maji ya kunywa bila kuombwa.

Abdulmalik alihudhuria Tulizo miezi mitano. Alifundishwa kukaza macho kwenye kitu kimoja huku kichwa kikigeuka, kusoma sakafu kwa nyayo, kutojaribu giza bila tochi. Mzigo wa kichwani hatabeba tena, Bi. Kuruthumu alimwambia ukweli huo siku ya kwanza. Badala yake akamtafutia mkokoteni, kwa hesabu rahisi ambayo Mwalimu Devendra aliichora kwenye karatasi: magurudumu mawili na miguu miwili ni nguzo nne, na mtu anayeshika mpini hana pa kuangukia kirahisi. Leo Abdulmalik anasukuma mizigo kutwa nzima, na anaisukuma kwa mstari ulionyooka. Mkewe alirudi Februari iliyopita. Tulialikwa kwenye pilau.

Baada yake, Bi. Kuruthumu aliandika barua kwa zahanati na vituo vya jirani, Ilala hadi Gerezani, akiomba kila mtu anayeitwa mlevi asiyekunywa aulizwe maswali mawili: je, aliwahi kuchomwa sindano za muda mrefu, na je, dunia inaruka akitembea. Kufikia leo wamepatikana kumi na wanne, Abdulmalik akiwamo. Mmoja alikuwa mwalimu wa madrasa aliyeacha kufundisha kwa aibu. Mwingine ni mama aliyekuwa hajatoka nje ya ua wake kwa miaka tisa. Kumi na wanne, katika mitaa ambayo sisi sote tunapita kila siku! Kila jina jipya lilipoandikwa daftarini nilishtuka upya, na sioni aibu kusema kwamba mshtuko huo haujaniisha.

Mwalimu Devendra alifariki dunia Novemba mwaka jana, kwa moyo, usingizini. Bi. Champaben alikuja kituoni wiki mbili baada ya msiba, akaomba kuzungumza na Mama Husna tu, lakini mlango ulikuwa wazi na sote tulisikia.

"Tangu siku ile ya giza," alisema, "hakuanguka tena. Hata mara moja. Nilitaka ulijue hilo kutoka kwangu."

Bi. Kuruthumu alimshika mikono yote miwili, wakasimama hivyo wote wawili kwa muda.

Wiki iliyopita nilimwuliza, kwa ajili ya wasifu huu, atafanya nini akistaafu. Nilitarajia aseme bustani, wajukuu, au Makka, Mungu akipenda.

"Miaka yote hii nimekuwa na kazi mbili," alisema. "Ya kwanza ni hii ya kituoni, nawakabidhi Jumatatu. Ya pili ni kusimama. Hiyo haina likizo, na wala sijachoka nayo."

Kwa niaba ya Dk. Nasreen, wafanyakazi wote, wanafunzi wako ishirini na sita, Bwana Abdulmalik na wenzake kumi na watatu: ahsante, Mama Husna. Ahsante kwa wote uliowasimamisha, na kwa kuisoma barua yangu bila kinyongo. Mwenyezi Mungu akuzidishie umri, akujalie afya na raha ya wanao na wajukuu. Nenda salama, mama yetu. Hatujui bado tutasimamaje bila wewe, ila tutakwenda tukijifunza.